Majumba Yaliyovunja Rekodi, na Waliopita Mlangoni

Ukitaka ukubwa, nenda Washington. Maktaba ya Bunge la Marekani ndiyo kubwa kuliko zote duniani: vitabu, ramani, picha na kanda zake zinapita milioni 170. Waingereza waliichoma moto mwaka 1814. Mwaka uliofuata Bunge likaanza upya kwa kununua vitabu 6,487 vya Thomas Jefferson. Kwa jina ni ya wabunge, lakini kijana wa miaka 16 hupewa kadi ya msomaji bure.

Kwa wingi wa wageni, Louvre ya Paris inaongoza makumbusho ya sanaa: milioni 10.2 mwaka 2018. Kasri hilo la wafalme lilifunguliwa kwa umma tarehe 10 Agosti 1793, mwaka mmoja kamili tangu ufalme uangushwe. Siku hizi kiingilio chake si haba.

Kwa kula fedha, taji nalipeleka Sydney. Jumba la Opera lilikadiriwa dola milioni 7 za Australia; lilipofunguliwa mwaka 1973 lilikuwa limemeza milioni 102. Nyingi zilitoka kwenye bahati nasibu, yaani mfukoni mwa mnunuzi wa tiketi ambaye huenda opera haimhusu ndewe wala sikio. Msanifu wake, Jørn Utzon, aliacha kazi mwaka 1966 na hakurudi kuliona limekamilika.

Lakini jengo ninalolipenda kuliko hayo yote ni Oodi, maktaba ya Helsinki iliyofunguliwa tarehe 5 Desemba 2018, mkesha wa sikukuu ya uhuru wa Finland. Limejengwa kulikabili Bunge, na roshani yake imewekwa usawa mmoja na ngazi za wabunge: mwananchi akisimama pale, hamtazami mbunge kwa kuinua shingo. Ndani kuna vitabu kama 100,000, lakini kuna pia vyerehani, jiko na studio za muziki. Mtu anaweza kuingia kupunguza suruali yake na asiulizwe neno.

Rekodi ya mwisho ni ya nyumbani, na haina fahari. Maktaba ya McMillan, Nairobi, iliyofunguliwa mwaka 1931, ina heshima ambayo majengo machache huipata: sheria yake yenyewe, ya mwaka 1938. Hadi mwishoni mwa miaka ya 1950 ilikuwa ya Wazungu peke yao. Mwafrika aliyepita hapo aliishia kwa simba wawili wa mawe walioko nje.