Tambi baridi za Japani: Siri imo katika kuosha

MTU anayeingia mgahawani akitokwa jasho hana hamu ya bakuli la supu ya moto. Tatizo hilo liliukabili mgahawa wa Kichina uitwao Ryutei, mjini Sendai, kaskazini mashariki mwa Japani, ambako biashara ya tambi za supu ilidorora kila majira ya joto. Mwaka 1937 ukabuni hiyashi chuka, yaani tambi za Kichina zilizopozwa. Upo mgahawa wa Tokyo unaodai kuwa ulitangulia mwaka 1933, na ubishi huo haujaisha.

Hadi leo, joto linapoanza, migahawa ya Japani hutundika mabango kuwaarifu wapita njia kwamba hiyashi chuka imeanza kuuzwa.

Tambi zake ni za ngano iliyokandwa kwa maji yenye chumvi za jamii ya magadi, ambazo huzipa umanjano na unesaji wake. Gramu 250 za tambi mbichi huwatosha watu wawili.

Anza na mchuzi ili upate kupoa. Changanya vijiko 4 vikubwa vya mchuzi wa soya, 3 vya siki, 2 vya sukari, 4 vya maji na 1 cha mafuta ya ufuta. Koroga hadi sukari iyeyuke, kisha weka kwenye jokofu. Kata tango na karoti vipande vyembamba kama njiti za kiberiti. Kaanga yai liwe kama chapati nyembamba, ulikate nyuzinyuzi. Wajapani wengi huongeza nyama ya nguruwe. Kuku wa kuchemsha anafaa vilevile.

Wengi huharibu pishi hili kwenye kuosha. Chemsha tambi zilainike kidogo kupita kawaida, maana baridi itazikaza. Zichuje, uzisugue kwa mikono chini ya maji yanayotiririka hadi utelezi wa wanga utoke. Ukibaki, tambi hugandamana. Zitumbukize katika maji ya barafu, kisha uzikamue sana, la sivyo mchuzi utazimuka. Barafu na maji hayo sharti viwe salama, kwani baada ya hapo chakula hakipiti tena motoni.

Panga mboga, nyanya na yai juu ya tambi kwa mafungu ya rangi mbalimbali, mwagia mchuzi, na uweke haradali kidogo ukingoni mwa sahani. Kuchanganya ni kazi ya mlaji.