Ukisafiri na watoto, wapeleke wakasage chokoleti

Kwenye madarasa ya kutengeneza chokoleti mjini Oaxaca, kusini mwa Mexico, kitu cha kwanza anachopewa mtoto huwa hakimfurahishi. Ni punje ya kakao iliyokaangwa, kavu, ya kahawia, nene kuliko haragwe. Anaimenya, anaitafuna, anakunja uso. Wengine huitema palepale, maana ni chungu na haina hata chembe ya sukari.

Walimu wanajua hilo litatokea. Kuanzia hapo mtoto ana swali lake: kama hii ndiyo chokoleti, ile tamu ya dukani imetoka wapi? Muda wote unaobaki ni wa kulitafuta jibu, na analitafuta kwa mikono yake mwenyewe.

Madarasa ya namna hii yapo katika miji mingi inayopokea watalii, na si yote yanayostahili fedha ya mzazi. Mengine huyeyusha tu chokoleti iliyokwisha tengenezwa kiwandani, watoto wakaimimina kwenye vibati vya umbo la moyo na kunyunyizia rangi. Hiyo ni sherehe ya pipi, na sherehe ya pipi inaweza kufanyika nyumbani bila nauli. Darasa la asili huanza na punje, moto na jiwe.

Kinywaji kabla ya pipi

Mti wa kakao asili yake ni Amerika Kusini, katika bonde la juu la mto Amazon. Huko Mexico na Guatemala, Wamaya na baadaye Waazteki waliisaga kakao wakainywa, na punje zake zilitumika pia kama fedha sokoni. Chokoleti ya kutafuna ni mtoto wa juzi. Kipande kigumu cha kula kilitengenezwa Uingereza na kampuni ya Fry mwaka 1847, na ile yenye maziwa ilifuata Uswisi miaka ya 1870.

Oaxaca bado wanakunywa. Karibu na soko la 20 de Noviembre kuna mashine za kusaga kakao, na mteja huenda kama mama wa hapa anavyopeleka mahindi mashineni. Anachagua kakao, anaongeza lozi na mdalasini, anasema sukari iwe kiasi gani, kisha anasimama kuangalia inavyotoka. Kiasi hicho cha sukari ndicho kinachowashtua wazazi wageni, kwa sababu mara nyingi kinalingana na kakao yenyewe au kuizidi. Kwenye chokoleti ya dukani sukari imeshachanganywa na hakuna anayeiona. Hapa inamwagwa mbele ya macho, na mtoto anaiona.

Vyombo ambavyo bibi anavijua

Darasani hawatumii mashine. Punje hukaangwa bila mafuta kwenye kikaango bapa cha udongo kinachoitwa comal, zikigeuzwa bila kupumzika mpaka maganda yaanze kualika na harufu ibadilike. Mwanzoni hunuka kidogo kama siki, kwa sababu kakao huvundikwa siku kadhaa baada ya kuvunwa. Baadaye harufu inakuwa ya keki. Zikipoa kidogo, watoto humenya. Hapo ndipo kelele hupungua, maana kila mmoja anahesabu rundo lake na kuchungulia la mwenzake. Maganda hupepetwa.

Kisha linakuja jiwe. Linaitwa metate, ni jiwe la volkano lenye miguu mitatu na mgongo ulioinama, na juu yake kuna jiwe jingine refu la kushika kwa mikono miwili. Msagaji hupiga magoti. Mama wa Kitanzania aliyekulia kijijini hahitaji maelezo: ni jiwe la kusagia, ndugu kabisa wa lile ambalo bibi zetu walisagia ulezi na mtama.

Dakika za kwanza kakao huwa chenga, halafu unga. Mtoto huchoka, mikono huuma, wengine huuliza kama wanaweza kuacha. Mzazi mwenye busara hasagi kwa niaba yake. Wakishapokezana kwa muda, unga ule mkavu huanza kung'aa, unashikana, unalegea, mwisho unateleza kwenye jiwe kama siagi ya karanga. Hakuna aliyeongeza maji wala mafuta. Karibu nusu ya punje ya kakao ni mafuta, na msuguano na joto vimeyatoa. Aliyewahi kutwanga karanga kwenye kinu ameyaona haya. Mtoto ambaye siagi ya karanga kwake hutoka kwenye kopo ndiye anayepigwa na butwaa.

Mafuta hayo huanza kulainika kwenye joto dogo na kuyeyuka kabisa karibu na nyuzi 34, chini kidogo ya joto la mwili. Ndiyo sababu chokoleti huyeyuka mdomoni, na ndiyo sababu pia huharibika kwenye mfuko wa shule.

Sukari na mdalasini huongezwa, mchanganyiko husagwa tena, kisha hufinyangwa vidonge vya duara na kuachwa vigande. Vingine hupelekwa kwenye maji au maziwa ya moto na kupekechwa. Chombo chake ni kijiti cha mbao chenye kichwa kilichochongwa, kinachozungushwa katikati ya viganja viwili hadi povu lipande. Wao wanakiita molinillo. Pwani na bara kwetu ni upekecho, ule ule wa mlenda na maharage.

Upungufu wa Oaxaca, utajiri wa Kyela

Lipo jambo moja ambalo darasa la Oaxaca kwa kawaida halimwoneshi mtoto, nalo ni shamba. Kakao nyingi inayosagwa pale hutoka majimbo mengine, hasa Chiapas na Tabasco. Somo linaanzia katikati. Mtu aliyepanda, akavuna, akapasua tunda na kulivundika hayupo mezani.

Hapo familia ya Kitanzania ina bahati ambayo wengi hawajaitumia. Kyela, kando ya Ziwa Nyasa, kakao inakua nyuma ya nyumba, imechanganyika na migomba. Inalimwa pia Busokelo na Rungwe, na kwenye bonde la Kilombero mkoani Morogoro, ambako kampuni ya Kokoa Kamili hununua kakao mbichi kwa wakulima wadogo na kuivundika kwa pamoja. Mtalii analipa tiketi ya ndege kuona nusu ya kazi. Mtoto wa Dar es Salaam au Dodoma anayekwenda likizo kwa babu Kyela anaweza kuiona yote.

Anaweza kuona tunda, la njano au jekundu, likiota kwenye shina lenyewe na kwenye matawi makubwa. Likipasuliwa, ndani kuna punje 30 hadi 50 zilizofunikwa na nyama nyeupe, tamu yenye ukali kidogo, inayokumbusha stafeli. Watoto huinyonya na kutema punje. Punje huvundikwa takriban siku 5 hadi 7, zikifunikwa kwa majani ya migomba au kuwekwa kwenye masanduku ya mbao, kisha huanikwa. Bila kuvundikwa hakuna ladha ya chokoleti, hata ukikaanga vipi.

Baada ya hapo, kwa sehemu kubwa, kakao huondoka. Inapimwa, inaingia ghalani, inauzwa mnadani kwa stakabadhi, inasafirishwa nje ikiwa punje. Wapo watoto waliokua wakikimbia kuanua kakao mvua ikitanda ambao hawajawahi kuionja ikiwa chokoleti. Wanajua inalipa ada, lakini hawajui inageuka nini. Mzazi anayemleta mwanawe kutoka mjini na kusagia uani kwa mjomba, binamu wote wakiwa wamezunguka jiwe, anakuwa amefundisha pande mbili kwa siku moja.

Swali litakalokuja

Mtoto wa miaka 9 au 10 aliyesaga kwa jasho hatakosa kuuliza: nani huwa anafanya kazi hii yote? Ni vizuri mzazi awe amejiandaa. Zaidi ya nusu ya kakao ya dunia hutoka Ivory Coast na Ghana. Ripoti ya taasisi ya NORC ya Chuo Kikuu cha Chicago, iliyotolewa mwaka 2020, ilikadiria kuwa watoto milioni 1.56 katika maeneo ya kakao ya nchi hizo mbili walikuwa kwenye ajira ya watoto katika zao hilo.

Mtoto aelezwe tofauti. Kumsaidia bibi kuanua kakao baada ya shule ni malezi. Kubeba magunia, kushika panga siku nzima, kunyunyizia dawa na kukosa masomo ni jambo jingine. Maelezo hayo yasigeuzwe kuwa hotuba ya kumfanya aione chokoleti yake ni dhambi. Jibu fupi la kweli linatosha, na atarudi na swali jingine siku nyingine.

Kabla ya kulipa

Kwa anayelipia darasa, iwe Mexico, Guatemala au kwingineko, swali la kwanza ni kama mtoto atashika jiwe mwenyewe au atatazama. La pili ni idadi ya watu kwa kila jiwe. Wakiwa wengi mno, wadogo huishia kupiga picha. Mtoto wa chini ya miaka 6 mara nyingi huchoka kabla kakao haijaanza kung'aa, na hapo mzazi ndiye anayesaga. Uliza kuhusu lozi na karanga kama kuna mwenye mzio. Walio chini ya miaka 2 hawashauriwi kupewa sukari ya kuongezwa, kwa hiyo hao waambulie harufu. Wakubwa wasinywe kikombe kizima karibu na usiku, kwani kakao ina kafeini kidogo na inaweza kuwakesha.

Nyumbani, bila safari

Atakayepata punje kavu zilizovundikwa vizuri aanze na vikombe 2. Zikaangwe kwa moto mdogo, dakika 20 hivi, zikigeuzwa muda wote. Zimenywe, zipepetwe kwenye ungo, zitwangwe au zisagwe kwenye jiwe. Blenda nayo inasaidia mwanzoni. Mikono ioshwe baada ya kushika punje mbichi, maana zimeanikwa nje na zimepita sehemu nyingi.

Mambo mawili huharibu kazi. Maji ni la kwanza: tone dogo tu likiingia kwenye kakao iliyolegea, hugandamana mabonge na hairudi. La pili ni kinu kilichotwangia vitunguu saumu, kwa sababu mafuta ya kakao hushika kila harufu inayopita.

Sukari iongezwe kidogo kidogo huku watoto wakionja, wao ndio waseme basi. Wengi husema basi mapema kuliko mzazi alivyotarajia, pengine kwa kuwa kakao ile ni yao. Vidonge vifinyangwe, vikae mahali pakavu na penye ubaridi. Na kama kuna mbwa nyumbani, maganda yatupwe mbali naye. Kakao ni sumu kwa mbwa, hata hicho kipande ambacho mtoto atataka kumgawia kwa upendo.