Fahamu: Kwa nini mnyororo hukatika mzigo ukiwa uleule

Mzigo wa tani 2 ukining'inia kwa minyororo miwili iliyonyooka wima, kila mmoja hubeba tani 1. Itanue hadi kila mmoja ubaki na pembe ya nyuzi 30 tu juu ya mlalo, na kila mmoja utavutwa kwa tani 2, ilhali mzigo haujaongezeka hata kilo. Macho hayaoni hilo. Lazima lipigiwe hesabu kabla ndoano haijashuka.

Kuna upepo pia. Makka, Septemba 11, 2015, kreni isiyokuwa kazini, mkono wake ukiwa juu, iliangushwa na dhoruba ikaua watu zaidi ya 100. Mpango wa kunyanyua lazima useme nani atashusha mkono, na upepo ukifika kasi gani.