Nuri Bilge Ceylan

Nuri Bilge Ceylan (alizaliwa Istanbul, 26 Januari 1959) ni mwongozaji, mpiga picha na mhariri wa filamu kutoka nchini Uturuki.

Utoto wake aliupitisha Yenice, mji mdogo katika mkoa wa Çanakkale. Alisoma uhandisi wa umeme katika Chuo Kikuu cha Boğaziçi, lakini upigaji picha ulimvutia zaidi, na kabla ya kuingia katika filamu alikuwa tayari mpiga picha.

Filamu yake fupi Koza (1995) ilionyeshwa katika Tamasha la Filamu la Cannes. Ikafuata Kasaba (1997), filamu ya rangi nyeusi na nyeupe ambamo wazazi wake mwenyewe, Emin na Fatma, waliigiza. Kamera aliishika yeye. Hakuwa na fedha za kulipa mafundi wengi, hivyo kazi ambazo kwa kawaida hugawiwa watu kadhaa alizifanya mwenyewe: kuandika, kuongoza, kupiga picha na kutayarisha. Aliendelea hivyo katika Mayıs Sıkıntısı (1999) na Uzak (2002).

Uzak ndiyo iliyomtangaza duniani. Inahusu mpiga picha wa Istanbul anayefikiwa na ndugu yake wa kijijini, kijana aliyepoteza kazi baada ya kiwanda kufungwa. Sehemu za ndani zilipigwa katika nyumba ya Ceylan mwenyewe. Kamera hutulia mahali pamoja kwa muda mrefu, na mtazamaji huachiwa kuona jinsi wawili hao wanavyokosa la kuambiana. Mwaka 2003 ilipata Grand Prix huko Cannes, na tuzo ya mwigizaji bora wakapewa kwa pamoja Muzaffer Özdemir na Mehmet Emin Toprak. Toprak, binamu yake Ceylan, hakuiona tuzo hiyo: alikuwa amefariki katika ajali ya gari Desemba 2002.

Kuanzia İklimler (2006), iliyopigwa kwa kamera ya kidijitali, Ceylan alimkabidhi Gökhan Tiryaki upigaji picha. Sababu moja iko wazi: katika filamu hiyo Ceylan na mkewe Ebru ndio waigizaji wakuu, na mtu hawezi kuwa mbele na nyuma ya kamera kwa wakati mmoja. Hata hivyo hakuirudia kazi hiyo katika filamu kubwa zilizofuata. Uhariri hakuuacha. Bir Zamanlar Anadolu'da (2011), ambayo sehemu kubwa yake ni usiku mmoja wa kutafuta maiti kwa mwanga wa taa za magari, aliihariri pamoja na Bora Gökşingöl. Wawili hao walihariri pia Kış Uykusu (2014), yenye zaidi ya saa tatu, iliyoshinda Palme d'Or. Kabla yake filamu ya Kituruki iliyowahi kupata tuzo hiyo ni Yol, mwaka 1982.

Filamu yake Kuru Otlar Üstüne (2023) ilimpatia Merve Dizdar tuzo ya mwigizaji bora wa kike huko Cannes.