Kwenye Kompyuta Ethi Haimpigi Mtu Shoti

Wakuu wa vyuo huniuliza, wazazi huniuliza, hata mafundi wenye leseni: maadamu zipo programu za kompyuta zinazoigiza jengo janja zima, bodi ya mazoezi ya nini? Nimechoka kulijibu swali hili kwa upole.

Programu humfundisha mwanafunzi kupanga anwani na kuoanisha swichi na taa. Sawa. Lakini humo skrubu hailegei wala waya haukatiki. Kwenye mfumo halisi wa KNX, ule wa nyaya zinazopeleka amri kati ya swichi na vifaa vya jengo janja, ukigeuza waya mwekundu na mweusi, unabonyeza kitufe cha kusajili kifaa na kitaa chake hakiwaki. Asiyewahi kukutana na hali hiyo atasema kifaa ni kibovu, na mwenye nyumba atalipia kingine.

Kibaya zaidi ni ethi, waya wa usalama unaoshuka ardhini. Katika nyumba nyingi za kwetu, boksi la swichi lina waya moto unaoingia na ule unaokwenda kwenye taa, basi. Nyutro imebaki darini. Swichi janja nyingi zinadai nyutro, na mafundi wanapeana “dawa”: unganisha ethi badala yake. Taa inawaka, mteja anafurahi. Swichi inayokula wati 1 kwenye volti 230 hupitisha kama miliampia 4 tu kwenye ethi, kwa hiyo RCD (kifaa kinachokata umeme unapovuja) ya miliampia 30 haishtuki, na fundi anaamini yuko salama. Zikiongezeka swichi za namna hiyo, RCD inaanza kukata umeme hovyo, na wapo wanaoing’oa! Kisha waya wa ethi ukatike kuelekea kwenye fimbo yake: umeme unaopenya kwenye swichi zile unakosa pa kwenda, na bati la friji lililofungwa kwenye ethi hiyo hiyo linaanza kupiga watu shoti. Kwenye kioo cha kompyuta ethi ni mstari wa kijani tu. Kwenye bodi, mwanafunzi anaichomoa mbele ya mwalimu na kuona mita inavyopanda.

Chuo kisicho na fedha kijitengenezee: plaiwudi, reli, sakiti breka, RCD, pawa saplai ya KNX, moduli ya kuwasha taa, swichi mbili, kihisi mwendo, kitufe cha dharura. Boksi moja liachwe bila nyutro makusudi. Mwanafunzi avute nyutro, afunge swichi isiyoihitaji, au aipeleke moduli darini. Nyuma ya bodi ziwepo swichi za mwalimu za kuleta hitilafu. Masomo ya kwanza yawe ya volti 24. Programu waifungue jioni bwenini. Na mtihani uwe hitilafu tatu, saa moja, mita mkononi.