MASAI WA KIKAPU: Uwanjani hakuwa staa, ofisini akatwaa ubingwa

Juzi pale kijiweni kwetu Mianzini, tukisubiri kahawa ipoe, niliwatupia washkaji swali: nitajieni Masai aliyechukua ubingwa wa kikapu wa NBA. Kikafuata kicheko. Chalii mmoja akataka kujua huyo Masai ni wa Monduli au wa Longido. Mwingine, yule ambaye kila kitu anakijua hata kabla hakijatokea, akasema niache uzushi, Mtanzania aliyefika NBA ni Hasheem Thabeet, na Hasheem ni mtoto wa Dar.

Kuhusu Hasheem hakukosea. Lakini Masai yupo, msomaji wangu, ila hajawahi kuchunga hata mbuzi mmoja Monduli. Anaitwa Masai Ujiri. Baba yake Mnigeria, mama yake daktari wa Kenya, na jina hilo limetoka upande wa mama. Alizaliwa Uingereza mwaka 1970 wazazi wakiwa masomoni huko, akakulia Zaria, kaskazini mwa Nigeria. Na ubingwa wenyewe hakuuchukua akiwa amevaa kaptula. Aliuchukua akiwa amevaa suti.

Nina sababu zangu za kumfuatilia huyu bwana, nitazisema mbele kidogo. Zinaniuma, kwa hiyo niacheni nijivute.

KAZI YA SUTI

Kwa wale wanaodhani timu ni wachezaji na kocha basi, mambo hayako hivyo. Timu za Marekani, iwe ya kikapu au ya ule mchezo wao wa besiboli wa kupiga mpira kwa gongo, zina mtu anaitwa meneja mkuu. Huyu hapangi nani aanze leo, hiyo ni kazi ya kocha. Yeye anaamua nani awemo kwenye kikosi, alipwe ngapi, kwa miaka mingapi, na siku gani afungashe virago. Hata kocha mwenyewe anaajiriwa na kutimuliwa naye.

Tena hawezi kuamka tu na fuko la hela akanunua mastaa wote kama tajiri wa Kariakoo. NBA ina ukomo wa mishahara. Ukitaka mchezaji wa timu nyingine, mara nyingi lazima utoe wako ambaye mshahara wake unakaribiana na wa huyo unayemtaka. Halafu kila mwaka kuna drafti. Siyo ile yetu ya vizibo vya soda! Hii timu 30 zinachagua vijana kwa zamu, raundi mbili, na timu zilizofanya vibaya ndizo zinazopewa nafasi nzuri zaidi ya kuchagua mapema. Ukichagua vibaya, unakula jeuri yako kwa miaka.

Mfano tunao nyumbani. Mwaka 2009 Memphis Grizzlies walimchagua Hasheem wetu namba mbili. Tanzania nzima tulishangilia, na tulikuwa na haki. Lakini aliyefuata namba tatu alikuwa James Harden, na namba saba alikuwa Stephen Curry. Mwaka uliofuata, Februari 2010, Hasheem akapelekwa ligi ya chini kwenda kuiva. Sisi tukamlaumu kijana. Hakuna aliyeuliza ni nani kule ofisini aliyepiga hesabu ile.

Kwenye besiboli yupo jamaa anaitwa Theo Epstein. Huyu hata mchezaji wa kulipwa hakuwa, alisomea sheria. Mwaka 2002 Boston Red Sox wakampa umeneja mkuu akiwa na miaka 28. Miaka 28! Mwaka 2004 timu ikachukua ubingwa iliokuwa inauota kwa miaka 86. Akahamia kwa Chicago Cubs, na 2016 nao wakachukua, baada ya kungoja miaka 108. Jamaa alikuwa kama mganga wa timu zilizolaaniwa, ila dawa yake ilikuwa hesabu.

KULALA CHUMBA CHA WENZAKE

Sasa Masai. Alitoka Zaria kijana, akaenda kumalizia sekondari Seattle, kisha chuo kidogo huko North Dakota, kwenye baridi ya kugandisha mate. Alicheza kikapu cha kulipwa Ulaya, leo Uingereza, kesho Ubelgiji, keshokutwa nchi za Skandinavia. Ligi ndogo, hela ndogo. Hakuwa mbaya, lakini hakuna aliyepiga simu kutoka NBA. Mwaka 2002 akatundika raba.

Hapo ndipo wengi wetu tunapoishia. Tunarudi mtaani, tunakuwa wale wazee wa miaka 30 wanaosimulia kwamba wangefika mbali kama si goti. Masai akaenda Orlando Magic kufanya kazi ya kusaka vipaji BILA MSHAHARA. Nauli mfukoni mwake, na usiku analala chumba cha wasaka vipaji wenzake au cha wachezaji anaofahamiana nao. Alichokuwa nacho ni miguu, na watu aliojuana nao Afrika na Ulaya katika miaka ile ya kuhangaika. Mwaka 2003 Denver Nuggets wakamwajiri kusaka vipaji vya nje ya Marekani. Mwaka huo huo akaanza shughuli yake ya Giants of Africa, kambi za kikapu kwa vijana wa bara hili.

Baada ya hapo ngazi ikaanza kupandika. 2007 Toronto Raptors wakampa idara ya kusaka vipaji duniani, 2008 akawa meneja mkuu msaidizi. 2010 Denver wakamrudisha, safari hii kama bosi, Mwafrika wa kwanza kukalia kiti kama hicho kwenye ligi kubwa za Marekani. Karibu yake ilikuwa moto: staa wa timu, Carmelo Anthony, anataka kuondoka. Kila mtu akajua Denver wamekwisha. Februari 2011 Masai akampeleka New York akapata rundo la wachezaji na nafasi za drafti, na msimu wa 2012-13 Denver bila staa hata mmoja wa kubandikwa ukutani wakashinda mechi 57 kati ya 82. Wakampa tuzo ya kiongozi bora wa mwaka. Hakuna asiye Mmarekani aliyewahi kuipata kabla yake. Toronto wakamfuata tena mwaka huo huo, mkataba wa miaka mitano wa dola milioni 15.

Toronto kulikuwa na kijana kipenzi cha mji, DeMar DeRozan, misimu tisa pale, ameimba wazi kwamba Toronto ni kwake. Kila mwaka timu inacheza vizuri, ikifika mtoano inakwama. Mwaka 2018 Masai akamfukuza kocha Dwane Casey, ambaye msimu huo huo alitajwa kocha bora wa ligi. Halafu Julai 2018 akamtoa DeRozan kwenda San Antonio, akamchukua Kawhi Leonard, mtu ambaye msimu uliotangulia alicheza mechi tisa tu kwa sababu ya majeraha, na mkataba wake ulibakiza mwaka mmoja.

Hebu fikiria ungekuwa wewe. Unamuuza mtoto wa nyumbani kwa mgonjwa anayepita! Toronto walimaindi ile mbaya, na DeRozan mwenyewe aliumia. Mimi binafsi hadi leo sijui kama ningekuwa na roho hiyo. Nadhani nisingekuwa nayo.

Juni 2019 Raptors wakawapiga Golden State Warriors mechi nne kwa mbili, wakawa timu ya kwanza ya nje ya Marekani kuchukua ubingwa wa NBA. Kwenye kikosi alikuwemo Pascal Siakam wa Cameroon, ambaye Masai na wenzake walimchagua namba 27 mwaka 2016 wakati timu nyingine zimempita, na Serge Ibaka wa Kongo Brazzaville. Usiku ule ule wa ubingwa, Masai anaingia uwanjani kushangilia na watu wake, askari akamzuia na kumsukuma. Kesi ikaenda na kurudi, askari akidai yeye ndiye aliyeonewa, mpaka video ilipotoka 2020 ikionyesha nani alianza. Februari 2021 kesi ikafutwa. Bosi wa mabingwa, kitambulisho mkononi, na bado anaambiwa kaa kando.

Leonard akaondoka baada ya ule mwaka mmoja, kama ilivyoogopwa. Timu ikashuka pole pole, na Juni 2025 Masai naye akaachana na Toronto baada ya miaka 12. Mwezi uliofuata akafungua Kigali eneo lake linaloitwa Zaria Court, hoteli na viwanja humo humo. Anajenga viwanja vya kikapu Afrika, lengo 100. Nasikia kuna watu wanamcheka kwamba angekula hela zake akatulia. Wacha wacheke.

BEGI LANGU

Sasa ya kwangu. Mimi nilicheza kikapu shuleni, na katika timu ya mtaa nilikuwa nakaa benchi kwa bidii kubwa. Nikiingia, tunafungwa. Wakaona huruma wakanipa ukatibu. Niliupokea kama matusi. Kwetu katibu ni yule asiyejua kucheza, anayebeba maji na kuandika pointi kwenye daftari.

Alikuwepo dogo mmoja wa Ngaramtoni, tulimwita Ngongoti. Miaka 15, mrefu kama mlingoti, mikono yake inafika kwenye ringi karibu bila kuruka. Alikuwa anashuka kila Jumamosi kwa kifodi, wakati mwingine kwa miguu, kuja kwenye kiwanja chetu cha saruji kisicho na nyavu. Siku moja akaja mgeni mmoja kumwangalia, akaacha fomu. Kambi ya vijana nje ya nchi, mwisho miaka 17, nauli wanalipa wao. Kilichotakiwa ni fomu ijazwe, cheti cha kuzaliwa kipatikane, pasi ya kusafiria ifuatiliwe. Wiki sita.

Fomu nilipewa mimi, katibu.

Niliitia kwenye begi. Wiki ya kwanza nilikuwa na harusi ya binamu. Ya pili nilimwambia Ngongoti alete cheti, akasema baba yake anakitafuta, nikasema poa. Sikupanda Ngaramtoni kukifuata, ni mwendo wa kifodi kimoja tu. Ya tatu na ya nne sikumbuki nilikuwa nafanya nini, na hilo ndilo linaloniuma zaidi, kwamba hata sikumbuki. Nilipoitoa ile fomu ilikuwa na alama ya chupa ya soda, na tarehe ilikuwa imepita siku nne.

Ngongoti hakugomba. Alisema, "Haina noma, katibu." Akaacha kuja.

Ndiyo maana nikisoma habari za Masai Ujiri siangalii kombe. Naangalia ule mwaka wa 2002, mtu mzima analala chumba cha wenzake ili kesho akamwandike dogo fulani kwenye daftari. Siakam hakufika Toronto kwa sababu ya urefu peke yake. Kuna mtu alimwona kambini, mwingine akajaza karatasi, mwingine akapiga simu. Hapa kwetu tuna warefu wa kumwaga kwenye miteremko ya Meru, kutoka Ngaramtoni mpaka Usa River. Katibu ndiye hatuna.

Kwenye soka angalau mambo yameanza kubadilika. Simba walimpa Barbara Gonzalez utendaji mkuu mwaka 2020, mwanamke kijana, na wazee wa vijiweni wakasema kila walichosema. Yanga walimchagua Injinia Hersi Said kuwa rais mwaka 2022. Siku hizi dogo wa Sakina anaweza kusema anataka kuwa mtendaji wa klabu na watu wasimwangalie kama mgonjwa. Lakini hizo ni klabu za Kariakoo, zenye matajiri. Kwenye kikapu cha mtaani bado tunaandika pointi nyuma ya kadi za mchango.

Wiki iliyopita nimepanda kifodi cha kwenda Ngaramtoni. Konda amejikunja mlangoni, kichwa kimeinama kwa sababu hakitoshi. Nikamjua kwa mikono kabla ya sura.

"Katibu," akasema.

Nikababaika. Nikamwambia nimekuwa nikifikiria, labda kuna kambi nyingine, labda tujaribu tena. Akacheka. "Ile ilikuwa ya miaka 17. Mimi mwezi wa kumi natimiza 19, bro." Akagonga bati, gari likasimama, akashusha mama mmoja na ndoo zake za parachichi, likaondoka. Kisha akainama tena. "Ila mdogo wangu yupo. Kidato cha pili. Amenipita mimi nilivyokuwa kwenye umri ule."

Nikamuuliza huyo mdogo wake ana cheti cha kuzaliwa.

"Kipo nyumbani. Nikuletee Jumamosi?"

Nikamwambia hapana, nipeleke sasa hivi.

Akaniangalia kidogo, akanyoosha mkono. "Sawa. Nauli kwanza."