Jiwe Ulilorushia Embe Mjambere Linashuka na Kasi Gani? Cheki Hesabu

Msimu wa maembe ukibamba, mtaani Mjambere kila mti huwa na mbogi yake. Boribo limeiva pale juu, mwenye mti hayuko, na mawe yamejaa chini. Unaokota moja, unalenga, unarusha. Embe umelikosa. Sasa swali ambalo wasee wengi huwa hawajiulizi ni hili: lile jiwe limeenda wapi?

Wengi hudhani jiwe likishapita embe limechoka, linaanguka tu polepole ka jani. Zii! Hesabu yake si ngumu, na ukishaielewa utaangalia nyumba ya jirani kabla ya kurusha.

Safari mbili kwa mpigo

Rada ni hii. Jiwe likitoka mkononi linafanya safari mbili kwa wakati mmoja: moja ya kwenda mbele, nyingine ya kupanda na kushuka.

Ile ya mbele hakuna kinachoivuta. Upewe hupunguza kiasi, lakini kwa jiwe dogo la umbali mfupi tunaweza kuuacha kando. So jiwe linaenda mbele na kasi ileile mpaka mwisho.

Ile ya kupanda ndiyo dunia inaishika. Kila sekunde, mvuto wa dunia unapunguza kasi ya kupanda kwa mita 9.8 kwa sekunde. Tuseme 10 ndo tusisumbuane na kalkuleta. Kasi ya kupanda ikifika sufuri, jiwe liko kileleni. Hapo linaanza kushuka, likiokota kasi kwa kipimo kilekile.

Safari hizi mbili haziingiliani. Mwitaliano Galileo Galilei alilieleza hili kwenye kitabu chake cha mwaka 1638, akaonyesha kuwa ukiziunganisha unapata ule mchoro wa upinde unaoitwa parabola.

Tupige hesabu sasa

Tuseme umerusha jiwe kwa kasi ya mita 15 kwa sekunde, ukilielekeza juu kidogo, digrii 53 hivi. Ukiigawa hiyo kasi, unapata mita 12 kwa sekunde za kupanda na mita 9 kwa sekunde za kwenda mbele.

Kupanda: 12 gawa kwa 10, ni sekunde 1.2 kufika kileleni. Kasi imeanza 12 ikaisha 0, so wastani ni 6. Zidisha 6 kwa 1.2, jiwe limepanda mita 7.2 kutoka mkononi mwako.

Kushuka mpaka usawa wa mkono: sekunde 1.2 zingine. Jumla 2.4.

Mbele: 9 mara 2.4, unapata mita 21.6. Hapo jiwe limeshavuka ukuta, limevuka kichochoro, na liko kwa plot ya wenyewe.

Na kasi? Kasi ya kwenda mbele bado ni 9. Ya kushuka imerudi kuwa 12. Ukiziunganisha unapata 15, ileile uliyorushia. Usawa wa bega lako ni karibu usawa wa kichwa cha mtu. Kwa hivyo yule anayepita kule anapigwa kana kwamba umesimama mbele yake ukamrushia usoni. Mita 15 kwa sekunde ni kilomita 54 kwa saa, na matatu mjini hairuhusiwi kupita 50.

“Basi nitarusha chini chini”

Haisaidii, buda. Shusha pembe iwe digrii 37, kasi iwe ileile. Sasa ni 9 za kupanda na 12 za mbele. Jiwe linakaa hewani sekunde 1.8 tu, lakini 12 mara 1.8 bado ni mita 21.6. Linaanguka palepale, tena linafika mapema.

Na ukirusha wima kabisa chini ya mti? Linapanda mita 11.25, na baada ya sekunde 3 linarudi kwako na kasi ileile 15. Ukiwa unashangaa embe, ni shauri yako.

Ukiongeza nguvu je?

Hapa ndo noma. Kasi ikiongezeka mara mbili, umbali unaongezeka mara nne, kwa sababu jiwe linaenda mbele mbio mara mbili na pia linakaa hewani mara mbili. Kwa digrii 45, kasi ya 15 inakupa mita 22.5. Kasi ya 30 inakupa mita 90.

Unamjua Julius Yego, msee aliyejifunza kurusha mkuki kwa kutazama video za YouTube? Mwaka 2015 kule Beijing alitupa mita 92.72, akawa bingwa wa dunia. Mkuki si jiwe, hewa huubeba kiasi, lakini uko kwenye hesabu ileile. Tofauti ni kwamba uwanjani eneo la kuangukia mkuki huwa limeachwa wazi. Mjambere hakuna eneo kama hilo. Kuna mabati, watoto wanacheza, na mama anauza mahamri.

So ukilitaka embe, tafuta upembo, ule mti mrefu wenye ndoano, ama mtume mwepesi apande. Ukilazimika kurusha, hesabu hatua 30 kutoka ulipo kuelekea unakolenga, halafu cheki ni nani amekaa hapo.